Barua ya Mzee Kibet na Maana Niliyoifukua

Siku ile ya mkutano kijijini Cheptiret, mwanangu, ingali inanishtua, ingawa kichwa changu sasa ni cheupe.

Ilikuwa miaka ya mwanzo ya uhuru. Mzungu mmoja alikuwa akiuza shamba lake arudi kwao, na watu wetu walijiunga kulinunua. Kabla ya kugawana ekari, walihitaji mtu wa kutunza ng'ombe wa maziwa walioachwa. Naye angepewa kipande cha ardhi kuwa ujira wake. Mzee Kibet, aliyewakama ng'ombe hao tangu ujana, hakuwa na uwezo wa kununua hisa. Hiyo ndiyo iliyokuwa njia yake pekee ya kupata mahali pa kujenga.

Alileta mkutanoni barua ya mwajiri wake, yule mzungu, aliyoihifadhi ndani ya Biblia. Hakujua kusoma. Mimi nilikuwa nimetoka shule ya bweni, nimejaa Kilatini, nikaombwa niisome. Ilisema kwa Kiingereza kwamba Kibet ni mtu "nice", na kwamba hakuna aliyewajua ng'ombe wale kama yeye.

Ningepaswa kuishia hapo. Lakini niliwaona wazee wamenitegea masikio, nikavimba kichwa. Nikawaeleza kwamba neno hilo, ambalo leo twalitumia kwa mtu mwema na hata kwa chai tamu, lilitokana na neno la Kilatini la mtu asiyejua kitu. Kwamba Waingereza wa kale walimwita hivyo mpumbavu. Kwamba baadaye likawa la mtu mwenye kuchaguachagua, na ndipo, polepole, likafikia uzuri. Yote yalikuwa kweli. Wao walichukua neno moja tu.

"Mpumbavu!" mwenye duka mmoja akaangua kicheko. "Kibet, kumbe mzungu alikuwa anakutusi, na wewe unamweka ndani ya Biblia!"

"Sasa ng'ombe zetu tumpee mtu wa hivyo?" akadakia mwingine.

 Nikapaza sauti kwamba hiyo ni maana ya kale, iliyokwisha kufa. Kicheko kikanifunika. Mzee Kibet akanyoosha mkono, akaichukua barua yake.

"Kijana, huyo mzungu alizaliwa hizo siku za zamani?"

"Hapana, Mzee."

"Basi mbona umemsemea maneno ya watu walikufa?"

 Mkutano ukamchagua mpwa wa mwenye duka, na Mzee Kibet akahamia chumba cha kupanga mjini Eldoret.

Mwaka uliofuata, nikiwa nimeanza kufundisha, alibisha mlangoni pangu. Nilidhani amekuja kunilaani. Mkononi alishika barua kutoka shule ya mjukuu wake.

"Nisomee, mwalimu," alisema. "Lakini ile imeandikwa tu."

Niliisoma neno kwa neno. Sikuongeza hata nukta.

Mwanangu, maneno huhama, na ni vyema kujua yalikotoka. Lakini anayekukabidhi barua yake amekukabidhi jina lake. Mpe kwanza maana aliyoikusudia mwandishi. Ya kale yaweke mpaka uulizwe, na usiyafungue kamwe mbele ya watu wanaotafuta sababu ya kucheka. Mungu akujalie elimu nyingi, na pamoja nayo ulimi usiomnyima mtu mahali pa kujenga.