Ngoma Iliyorudi na Ngozi Mpya

Siku yangu ya kwanza pale makumbusho, Bagamoyo, Mkuu wetu alinipa kitambaa kikavu na rundo la makala zake. Alikuwa profesa wa falsafa, na alishaandika juu ya makumbusho na sanamu za barabarani hadi wasomaji wakachoka. "Futa vumbi, Salma, kisha usome," alisema. Vumbi nililiweza.

Makala moja ilisema kifaa kikishaingia kwenye kabati la kioo kimestaafu, kazi yake ni kutazamwa tu. Nyingine ilisema sanaa isiyoguswa na wenyewe imekufa. Nikamuuliza mimi, mtunza vifaa, nifuate ipi. "Zote mbili," alijibu. Nilichanganyikiwa siku ile na sijapona vizuri hadi leo.

Miaka ikapita, ndipo akaja Bi Mwanahawa wa Miono. Ngoma yetu kubwa ilitoka kwao. Marehemu mumewe ndiye aliyetukabidhi.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Mjukuu wangu anatolewa ndani Jumamosi. Mwali wa kwetu hachezwi kwa ngoma nyingine. Nimekuja kuazima."

Nilidhani Mkuu atakataa. Ngozi ya ngoma ile, kuukuu na iliyochanika pembeni, alikuwa ameiandikia kitabu kizima. Alivua miwani. "Mpe. Nikimnyima, nimeandika nini miaka yote hii?"

Jumatatu ngoma ikarudi inang'aa mafuta, imewambwa ngozi mpya ya ng'ombe, manyoya bado yako ukingoni. Kwa kina Bi Mwanahawa, kurudisha cha watu kikiwa kibovu ni aibu.

"Ile ya zamani iko wapi?" Mkuu aliuliza.

"Tuliifukia, baba. Ilishaoza."

Mkuu alikaa kwenye ngazi akalia, kisha akacheka, nami sikujua nimpe maji au nimpe pole. Kibao cha maelezo kilisema ngoma ni ya kale. Nikamuuliza niandikeje sasa.

"Sijui, Salma."

Nilikasirika. Profesa mzima hajui, mimi nitajulia wapi?

Ninyi vijana mnaoanza kazi hii mnaniuliza kama tulipoteza au tulipata. Asubuhi nitawaambia tulipoteza, jioni nitabadili. Wiki yangu ya mwisho kazini Bi Mwanahawa alirudi, mjukuu wa pili anatolewa, na ngozi ile nayo imeshalegea. Nikafungua kabati.

"Safari hii ya zamani msiifukie, bibi. Tuleteeni."

"Mtaifanyia nini, mwanangu?"

Nikamgeukia Mkuu anisaidie kujibu. Naye alikuwa ananisubiri mimi.