Vitanda Vilivyookoa Karakana ya Muindi

Tezo inashuka, gamba la mti linaruka, na sikio la swala linajitokeza pale palipokuwa kigogo kitupu. Muindi Ndeti hautazami mkono wake. Macho yake yako nje, kwenye mvua inayopiga njia ya matope iteremkayo kutoka Shauri Moyo kwenda Gikomba, na anaitikia salamu za wapita njia mmoja baada ya mwingine bila kupoteza pigo.

"Ukishauzoea mti, wenyewe unakuonyesha pa kukata," asema, kisha anapuliza vumbi.

Nyuma yake msumeno wa umeme unanguruma. Watu wanane wameinamia kazi zao chini ya paa la mabati: mmoja anapiga msasa, wawili wanagawana gogo la muhugu, mwingine anapaka twiga rangi ya viatu ili ang'ae. Ukimhesabu na Muindi mwenyewe, wako tisa.

Anayepita hapa leo hawezi kujua kwamba miaka michache iliyopita karakana hii ilibakiza siku chache tu kufungwa. Muindi, mwenye umri wa miaka hamsini na miwili, mzaliwa wa Wamunyu, bado husimulia yaliyotokea kwa sauti ya chini, kama mtu anayehofia kwamba akiyasema kwa nguvu yataonekana si ya kweli.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya sabini. Kipindupindu kilikuwa kikitembea nchi hadi nchi kwa miaka mingi, na wakazi wa mitaa ya mashariki mwa Nairobi walikuwa wamezoea kukisikia redioni kama habari za watu wengine. Halafu kikabisha hodi kwao.

"Jumatatu tulisikia kiko kwenye vibanda vya kando ya mto. Jumapili iliyofuata padri alituomba tusishikane mikono," akumbuka.

Watalii waliahirisha safari. Mwenye duka la vinyago mjini, aliyekuwa akichukua mzigo wa Muindi kila mwezi, alimrudishia masanduku mawili ya swala na twiga bila hata kuyafungua.

"Aliniambia, 'Mzee, hoteli ni tupu. Nimuuzie nani twiga?'"

Mwaka uliotangulia Muindi alikuwa amekopa benki shilingi elfu kumi na nane kununua ule msumeno, na kila mwezi alitakiwa kulipa mia tisa. Nyumbani nako moto ulikuwa umezimwa. Mkewe, Nthoki, alikuwa akiuza muthokoi, yaani mahindi yaliyokobolewa, na maharagwe kwenye lango la mtaa, na amri ya afya ilipiga marufuku chakula kilichopikwa barabarani. Maafisa walimkuta sufuria ikichemka, wakamwambia aipeleke nyumbani.

Muindi aliwaita watu wake, akawaambia kwamba wanne lazima waondoke. Alikuwa hajataja jina hata moja wakati Wekulo alipoweka patasi chini.

Wekulo, kutoka upande wa Bungoma, ndiye aliyekuwa mkongwe wa karakana. Hakuja akiwa mchongaji. Alikuja kama kibarua wa kubeba magogo, akajifunza kwa kutazama.

"Watoto wangu wameshakuwa wakubwa," Wekulo alisema siku ile. "Niandike mimi wa kwanza, uwaache hawa vijana."

Muindi aliandika jina lake na mengine matatu, na usiku ule hakulala. Siku tatu baadaye dalali aliyetumwa na benki kwa ajili ya deni alifika, akauzunguka msumeno kama mtu anayetazama ng'ombe mnadani, akauliza kama mkanda wake ni mpya.

Aliyekuja baada ya dalali alikuwa mwanamke mwenye viatu vya mpira vilivyojaa matope hadi magotini. Alijitambulisha kuwa Bi. Warigia, afisa wa kusimamia biashara ndogo, na alikuwa ametoka kuingia karakana zote za safu ile.

Muindi anayakumbuka mazungumzo yao neno kwa neno.

"Mzee, unaweza kutengeneza vitanda?"

"Mama, mimi ni mchongaji, si seremala."

"Mbao unazo?"

"Ninazo."

"Na watu?"

"Tuko watano, pamoja nami."

"Kabla ya ugonjwa mlikuwa wangapi?"

"Tisa."

"Basi tafuta hao wengine uwarudishe. Hilo ndilo sharti."

Bi. Warigia alieleza mpango uliokuwa umetangazwa wiki hiyo. Kambi za matibabu zilihitaji mamia ya vitanda vya aina ya pekee, vyenye tundu katikati na turubai juu yake, ndoo ikiwekwa chini. Badala ya kuagiza vyote kutoka kiwanda kimoja, serikali ingegawa kazi hiyo kwa karakana ndogo zilizokuwa zikififia. Nusu ya malipo ingetolewa siku ya kutia saini. Kodi ya vibanda ingesimamishwa, na serikali ingesimama dhamana kwa mabenki ili yasubiri mikopo hadi miezi mitatu baada ya ugonjwa kwisha, bila kuongeza riba. Madalali wangekaa kando.

Naye mwenye karakana angetakiwa kufanya jambo moja: asimwachishe mtu kazi, na aliyekwisha kuachishwa arudishwe.

"Nilimuuliza, 'Huu ni msaada?' Akasema, 'Hapana, mzee. Serikali inahitaji vitanda na wewe unahitaji kazi. Msumeno huu ukiuzwa leo, ugonjwa ukiisha utaanzia wapi?'"

Muindi anaendelea kuchonga. "Bwana, mimi nimelipa kodi tangu enzi za kipande cha mkoloni. Sikuwahi kuona serikali ikiingia kibandani kwangu kuuliza nitaanzia wapi."

Aliandikiwa vitanda arobaini, kila kimoja shilingi mia na ishirini. Alitia saini, akapewa elfu mbili na mia nne.

Lakini watu wake waligoma. Nyamai, kijana hodari kuliko wote kwa kuchonga nyuso, alikataa hata kugusa mchoro wa kitanda.

"Nilimwambia mzee kwamba hicho ni kitanda cha maiti," asema Nyamai, ambaye bado yuko karakanani. "Nilidhani ukitengeneza kitanda chenye tundu, unajitengenezea chako."

Muindi hakubishana nao. Aliondoka kwenda mtaa wa Baba Dogo kumtafuta Wekulo, akitumaini kwamba sauti ya mkongwe ingewatuliza vijana.

Kule alimkuta Beldina, mke wa Wekulo, ameketi mlangoni mwa chumba chao, godoro limetolewa nje na sakafu ikinuka dawa. Wekulo alikuwa amepata kibarua cha kuchimba mitaro karibu na viwanda. Gari la afya lilikuwa limemchukua usiku.

"Beldina hakulia. Aliniambia tu, 'Shemeji, alikuwa hawezi hata kufumba mdomo.'"

Kambi ilikuwa katika ukumbi wa jumuiya, umezungushiwa kamba. Muindi alizuiwa kuingia, akachungulia dirishani. Anasema hajapata kuona kitu kama kile, wala hataki kukiona tena. Wagonjwa walikuwa wamelazwa sakafuni juu ya karatasi za nailoni, safu kwa safu, na wauguzi wakipiga magoti kwenye maji. Alimtambua Wekulo kwa miguu yake. Uso ulikuwa umebadilika, macho yamezama, ngozi imekunjamana kama ya mtu wa miaka tisini.

Muuguzi mmoja, Rispa, alikuja dirishani kumfukuza. Muindi akamwambia yeye ndiye fundi aliyepewa kazi ya vitanda.

"Basi unafanya nini hapa?" Rispa alimuuliza.

Kisha akamweleza lile tundu ni la nini. Mgonjwa wa kipindupindu huuawa na kuishiwa maji. Ndoo ikiwa chini ya kitanda, muuguzi huona kiasi kilichotoka, akajua kiasi cha kurudisha kwa dripu. Juu ya sakafu hajui. Anabahatisha.

Muindi alirudi Shauri Moyo karibu akikimbia. Hakutoa hotuba. Alisema, "Wekulo amelala chini, kwenye maji," akawasha msumeno.

Nyamai ndiye aliyeinuka wa kwanza.

Walifanya kazi wakipokezana, fundi cherehani wa jirani akishona turubai mlangoni. Vitanda sita vya kwanza vilipakiwa kwenye mkokoteni, na vijana wale wale waliokuwa wameogopa mchoro waliusukuma hadi kwenye kamba ya kambi. Rispa na wenzake walivipokea, na Muindi, akiwa dirishani, aliona Wekulo akiinuliwa kutoka sakafuni.

"Hapo ndipo nilipoona jambo ambalo sijui nilielezeje," asema, na kwa mara ya kwanza leo tezo inatulia. "Nilikwenda kesho yake na vitanda vingine. Yule mtu aliyekuwa kama gome lililokauka alikuwa ameketi. Ameketi, bwana! Anaomba ugali. Muuguzi anamgombeza, anamwambia atakunywa maji ya chumvi na sukari kwanza. Nilivua kofia. Nilisimama pale mvuani na kofia mkononi, sijui namvulia nani."

Wekulo, ambaye sasa anapiga msasa hatua chache kutoka tulipoketi, anacheka anaposikia hayo. Anasema alijua mapema kitanda kilitoka wapi.

"Niligeuza kichwa nikaona mguu wa kitanda cha mwenzangu. Una kwato! Nikasema, hapa nimefika kwa watu wetu."

Ni kweli. Mikono iliyozoea swala ilikuwa imeshindwa kujizuia. Nyamai alikiri kwamba hakukusudia. Alifika mwisho wa mguu, na kwato ikatoka. Afisa wa kupokea mizigo alikuna kichwa, akapima kimo cha kitanda, akakuta kiko sawa, akatia muhuri. Wauguzi waliuita ukumbi ule zizi. Rispa, ambaye bado anafanya kazi ya uuguzi, anasema wagonjwa walioanza kupata nafuu walibishana nani amelala juu ya swala na nani juu ya pundamilia.

Watu walifariki pia kambini; Muindi hapendi hilo lisahaulike. Lakini wengi walitoka kwa miguu yao.

Wengine watatu walioachishwa walirudi kazini wiki ile ile, na Wekulo akawafuata mara tu alipopata nguvu. Baada ya vitanda arobaini vya kwanza vilikuja thelathini vingine, halafu rafu za dawa na meza. Katika safu ile ya karakana zilizokubali mpango, hakuna hata moja iliyouzwa na dalali. Watalii waliporejea, polepole, walimkuta Muindi na msumeno wake na watu wake wote, na muhugu mkavu tayari ghalani. Mkopo wa benki aliumaliza mwaka jana.

"Watu hudhani nilinusurika kwa sababu ya bidii," asema. "Bidii nilikuwa nayo hata siku dalali alipokuja. Haikumfukuza."

Hata hivyo, mpango ule haukumfikia kila mtu, na wa karibu kabisa kati ya waliokosa ni mkewe.

Nthoki anaingia karakanani na birika la chai wakati mazungumzo yakiendelea. Hakuwa na kibanda cha kusimamishiwa kodi wala mkopo wa kusubiriwa, kwa hiyo hakuwa kwenye hesabu za mtu yeyote. Alikaa miezi minne bila kuwasha moto wa biashara. Wanawake kumi na wawili walikuwa wakiuza chakula kwenye lango lile. Walipofunguliwa, walirudi watano.

"Vitanda vilinunuliwa," asema huku akimimina chai. "Sikatai, vilitulisha. Lakini serikali ile ile iliyomwambia Baba Kalekye huyu 'fanya kazi' iliniambia mimi 'zima moto'. Wagonjwa walikuwa wanakula, na chakula chao kililetwa na kampuni kutoka mjini. Si tungekaa mahali pamoja, tuchemshe maji mbele ya bwana afya, tupike sisi?"

"Mama Kalekye amenisumbua na neno hilo miaka yote hii," Muindi asema.

"Na bado," ajibu Nthoki.

Sasa neno hilo limepata pa kwenda. Kamati inayokusanya maoni kuhusu biashara ndogo imewaalika wenye karakana wa Shauri Moyo wiki ijayo, na Muindi ndiye aliyechaguliwa kusema kwa niaba yao. Ombi lao ni kwamba mpango ule uwekwe kwenye sheria, ili ugonjwa mwingine ukija, malipo ya nusu, dhamana ya benki na sharti la kutoachisha watu kazi vianze mara moja, badala ya kumsubiri afisa mmoja apite kwenye matope akibisha mlango hadi mlango.

Muindi ameomba kiti chake kiwe cha Nthoki.

"Mimi yangu yalisikika," asema. "Hao walioalikwa wote ni watu wa vibanda. Nani atasema habari ya aliye kando ya barabara?"

Nthoki anasema hajawahi kuongea mbele ya watu wakubwa. Amekwisha kuzungumza na wanne waliorudi langoni, na wawili kati ya wale waliopotea, aliowakuta wakifua nguo za watu katika mtaa wa Umoja. Watakwenda pamoja.

Siku hiyo karakana itafungwa. Muindi amewaambia watu wake wavae mashati safi, kwani wote watakwenda kuketi nyuma ya akina mama wale, na mshahara wa siku watalipwa kama kawaida.