Siku Niliyoitafutia Draiva Kamera ya Dada

Jamani, nilimtukana dada yangu mbele ya watu watatu, na sikujua kama wapo.

Nyumbani wananiita Injinia. Sijasomea chochote, ila kila simu iliyogoma huletwa kwangu, na sijawahi kusema "hii siijui".

Siku hiyo dada yangu mkubwa, aliyenilea tangu mama afariki, alikuwa na usaili wa kazi kwa video saa nne asubuhi. Kazi yenyewe ni kupokea simu za wateja. Alikuwa amekaa bila kazi mwaka mzima, basi akajipulizia hadi manukato, utadhani yanapita kwenye waya.

Saa tatu na nusu akaniita.

"Injinia, hii kamera inanionyesha giza tupu."

Kamera yenyewe ya bei chee, haina hata jina la kampuni. Nikaigeuzageuza kama daktari.

"Draiva hiyo, ile programu ya kuiendesha kamera. Kompyuta haiitambui. Dakika mbili tu."

Sasa draiva ya kamera isiyo na jina unaitafutia wapi? Ya kwanza niliyopakua ikagoma. Ya pili ikaleta matangazo ya kelele, nikazima spika. Ya tatu ikakubali, nikaingia kwenye kikao kujaribu. Giza! Nikakiacha kikao wazi, nikarudi mtandaoni kusaka ya nne.

"Labda tatizo si draiva," dada akasema taratibu.

"Dada, wewe unajua nini?"

"Sawa. Nikuletee maji?"

"Niletee akili!" Jasho lilikuwa linanitoka, na saa nne imeshafika. "Kwanza kwa umri huo nani atakuajiri? Ungekaa tu nyumbani."

Akavuta kiti, akakaa kando yangu.

"Najua unahangaika kwa ajili yangu. Tujaribu pamoja, pole pole."

Akaishika kamera, akaanza kuipangusa kwa kitambaa. Kidude cheusi kikateleza pembeni.

Kilikuwa kifuniko cha lenzi.

Nikarudi kwenye kikao. Sura ya dada hiyo hapo, safi kabisa, na watu watatu wanatutazama. Nikawasha spika.

"Habari za asubuhi," akasema mama mmoja mwenye miwani. "Picha hatukuwa nayo, ila kamera yenu ina maiki nzuri. Tumesikia yote."

Nilitamani ardhi ipasuke. Nikatoka chumbani kinyumenyume.

Baada ya nusu saa dada akatoka.

"Wamenipa kazi. Wanasema wanatafuta mtu wa kuongea na wateja wenye hasira, na wameshanisikia nikimhudumia mmoja."

Nikacheka. Yeye hakucheka.

"Lakini walichosikia wao, na mimi nilikisikia, mdogo wangu."

Aibu niliyoipata hapo ilizidi ile ya kwenye kamera.

Mafundi wa familia wenzangu, kusema "sijui" hakuchukui hata dakika. Mimi huu ni mwezi wa pili naomba radhi. Dada kila siku ananiambia yameisha, na kila siku naona kabisa hayajaisha.