Dakika Kumi na Moja za Kumngoja Mwenzetu

Hadi leo nikipita mbele ya hoteli ile ya West Bay, hapa Doha, hasira hunipanda. Nilikuwa dereva wa basi la kuwapeleka wanariadha uwanjani, na kati ya abiria wangu alikuwamo mwanamke mmoja kutoka Afrika Kaskazini, mkimbiaji wa mita mia mbili. Alikuwa na miaka thelathini na tatu, na katika mbio fupi huo ni uzee.

Chama chao kilimtuma peke yake. Bila kocha, bila daktari, bila hata mtu wa kumshikia chupa ya maji! Viongozi wao walikuwa na mapenzi na mbio ndefu tu. Yeye walimhesabu kama mzigo. Kila siku alikaa kiti cha nyuma yangu, viatu vyake vya misumari mapajani, akanisalimu kwa Kiarabu, nami nikamjibu kwa Kiarabu changu cha madereva. Aliniambia waziwazi kwamba asipopata muda unaotakiwa hapa Doha, chama hakitamtuma tena popote. Alikuwa amekimbia tangu shule ya msingi.

Siku ya mbio zake tulipaswa kuondoka saa tisa kamili. Nikawasha injini. Mkenya mwenzangu, aliyeshika orodha ya abiria, akagonga dirisha.

"Buda, ngoja kidogo. Msee wetu bado ako juu, anamaliza chai."

Huyo msee wetu alikuwa anakimbia mita elfu tano saa mbili usiku. Saa mbili usiku! Nilijua hivyo, na bado nikangoja. Sisi Wakenya tukiwa ugenini tuna ugonjwa huo: akitajwa mtu wa kwetu, saa zote husimama. Yule mwanamke akatazama saa yake, akasema, "Yalla, twende, ndugu yangu." Nikamwambia dakika moja tu. Zikawa kumi na moja. Bingwa wetu akashuka na kikombe mkononi, tukampigia makofi. Na mimi nilipiga.

Kabla ya mbio, mwanariadha lazima aripoti kwenye chumba cha wito, na saa ikifika mlango hufungwa. Tulipofika ulikuwa umeshafungwa dakika nne zilizopita. Yule mwanamke hakulia. Alinishika mkono wa shati akanivuta mpaka kwa afisa wa mlangoni, maana hakuwa na mtu mwingine wa kumsemea. Yeye alijua Kiarabu na Kifaransa. Afisa alijua Kiingereza tu.

Afisa akaniuliza, "Basi lilitoka kwa wakati? Kama ni ninyi mliomchelewesha, nitamwingiza sasa hivi. Kama ni foleni ya magari, hilo ni lake."

Sijawahi kuulizwa swali rahisi kuliko hilo. Lakini mwenzangu alikuwa nyuma yangu, akininong'oneza: "Usijichome, bro. Sema ni jam. Watatufuta kazi sote wawili."

Nilifikiria kitambulisho changu cha kazi, chumba nilichopanga mtaa wa Al Mansoura, watoto nyumbani. Nayataja hayo na bado nachukia kuyataja, kwa sababu kila mwoga ana watoto nyumbani.

"Ni foleni," nikasema kwa Kiingereza.

Afisa akachukua kalamu, akalikata jina lake. Yule mwanamke alikuwa ameukazia macho mdomo wangu muda wote. Alipoiona ile kalamu akaelewa kwamba ametolewa mbioni, akakaa chini pale pale kwenye sakafu na kuvua viatu vya misumari, kimoja baada ya kingine. Mwenzangu alishageuka, anamtafutia bingwa wetu kivuli.

Nilitaka anitukane. Ningeshukuru kama angenirushia vile viatu usoni. Badala yake aliinuka, akaweka mkono kifuani, akaniambia kwa Kiarabu, taratibu ili nimwelewe: "Shukran, ndugu yangu. Katika watu wote wa hapa, ni wewe tu uliyenitetea."