Aliyeshuka Kuzimu

Mama mdogo alipomaliza eda ya mumewe, nikatumaini kwamba siku moja tu ya kutembea ingemrudishia kicheko. Tukapanda treni kituo cha Stechford, huku ugenini tunakoishi, tukaenda kwenye matembezi ya kuongozwa, ya hadithi za Wagiriki wa kale, kuzunguka majengo ya chuo kikuu. Kiingereza kinampa shida, kwa hiyo nilimtafsiria njia nzima. Akacheka kweli.

"Miungu gani hii, ina wivu kama mawifi!"

Kwenye ukuta wa matofali mekundu, mwongozaji akasimulia habari za mwimbaji aliyefiwa na mkewe. Nikatafsiri mbiombio: "Alifiwa na mwenzake, akashuka kuzimu kumchukua. Akaambiwa, tangulia, usigeuke. Akageuka, akampoteza."

Kiswahili changu hakikuonyesha nani mume, nani mke, naye Mama mdogo alisikia habari za mwanamke mjane.

"Angalau dada huyo aligeuka, akamwona," akasema. "Mimi niliambiwa nitoke wodini, nikatoka. Sikugeuka, mwanangu. Nilijua narudi kumkuta."

Wenzetu walishaanza kuondoka. Nikamshika mkono wake wa baridi. Kwamba aliyeshuka alikuwa mwanamume, sikumwambia.