Mwongozaji Aliyechelewa Kusema Kata

Mtaani kwao hapakuwa na mtoto aliyelijua jina lake halisi. Wote walimwita Jinamizi, tena walimwita hivyo kwa mapenzi, na hayo mapenzi ndiyo yaliyomkera. Mtu aliyemaliza ujana wake akitunga na kuongoza filamu za kutisha hafurahii kuona watoto wakimkimbilia huku wanacheka. Angependa, walau mara moja, wakimbilie upande wa pili.

Alianza kwa kupiga picha za harusi. Alipopata kamera yake mwenyewe alikodi vyumba viwili juu ya duka la vipuri vya magari, akaingiza meza, kompyuta na mapazia meusi, na tangu hapo hakugusa kazi nyingine. Miswada aliiandika nyumbani asubuhi, jikoni, baada ya chai, mkewe akimenya vitunguu upande wa pili wa meza. Maiti walifufuka, milango ikajifunga yenyewe, bibi harusi akaota kucha za chui, na yote hayo yaliandikwa jua likimulika dirishani na machozi ya vitunguu yakimtiririka mwandishi.

"Soma nisikie," mkewe humwambia. Akisha kusomewa huuliza swali moja tu, kwa upole: "Sasa huyu mzimu, miaka yote hiyo kaburini, kucha alikuwa anakatwa na nani?"

Naye mumewe hukusanya karatasi zake akaenda zake kazini bila kuaga.

Filamu hizo ziliuzwa, na ziliuzwa sana. Taabu ilikuwa katika namna zilivyotazamwa. Siku moja alikuwa ameketi kwa kinyozi, shuka shingoni, na televisheni ya ukutani ikionyesha filamu yake ya makaburini. Pale mfu alipochomoza mkono mchangani, wateja wote walishika mbavu.

"Huyu mzee ataniua kwa kicheko," kinyozi alisema, mashine ikimtetemeka mkononi. "Tazameni, sasa anatafuta kiatu chake."

"Si kichekesho hiyo," Jinamizi akasema.

"Ndiyo utamu wake, baba. Mnavyojifanya hamchekeshi."

Alitoka pale na kichwa kilichonyolewa nusu, akavaa kofia juma zima. Tokea siku hiyo alijiwekea nadhiri moyoni kwamba hataiacha kazi hii, wala dunia hii, kabla hajawaogofya watu hao kwa ukweli, hata kama ni kwa picha moja tu.

Mzee aliyekuwa akitafuta kiatu chake kaburini alikuwa shemeji yake, kaka mkubwa wa mkewe. Kazi yake ilikuwa ya cherehani. Sanda na majoho ya filamu aliyashona yeye, kisha akayavaa yeye, kwa kuwa ndiye aliyekubali kufa katika kila filamu bila kununa. Alikuwa na uso mrefu wenye huzuni na ulimi usiojua huzuni hata kidogo. Kila alipofika kazini alisimama mlangoni akauliza, "Haya, shemeji, leo unaniua kwa kitu gani?" Na mzaha wake mkubwa ulikuwa kufa pasipo zamu yake. Watu wakiwa wanapanga taa, angeshika kifua, akageuza macho, akaporomoka chini kama gunia. Wasichana wangepiga mayowe, fundi wa sauti angekimbilia maji, naye angefungua jicho moja na kuuliza kama chai imekwisha kuiva. Alifanya hivyo mara nyingi hata ikawa mtu akianguka pale, wenzake wanamruka na kuendelea na shughuli zao.

Jinamizi naye alikuwa na sharti lake, na wote waliofanya kazi chini yake walilijua kama wanavyojua sala zao. Kamera ikishawashwa, hakuna wa kuizima wala wa kufungua kinywa mpaka yeye mwenyewe aseme kata. Mwigizaji akisahau maneno, mwache atafute. Akilia, mwache alie. Aliamini kwamba hofu ya kweli hukaa nyuma ya mahali maneno ya mswada yanapokoma, na kwamba waongozaji wengine huizima kamera hatua moja kabla ya kuifikia. Kwa hiyo aliingoja. Kwa miaka mingi alingoja, na kilichotokea nyuma ya maneno kilikuwa mtu anayesahau maneno.

Kisha ikaja filamu ya mume anayerudi. Waliirekodi mchana, katika nyumba ya kupanga iliyokuwa tupu, madirisha yamezibwa kwa mablanketi ili usiku uingie kwa nguvu. Shemeji alipaswa kuketi kwenye kiti, ashike kikombe, na kumwambia mjane wake sentensi moja: "Mbona umekaa mahali pangu?" Mjane alikuwa mwigizaji chipukizi, binti mwenye bidii aliyemheshimu kila mtu.

"Usimcheke, binti," Jinamizi alimwonya.

"Sicheki, Mwalimu. Labda anitekenye."

"Nina mikono ya maiti," shemeji akasema. "Maiti hatekenyi watu, ana adabu zake."

Kamera ikawashwa. Shemeji aliinua kikombe, akamtazama binti, akaanza: "Mbona ume..." Neno likamkwama. Alilirudia, likatoka limevunjika. Upande mmoja wa mdomo ulishuka taratibu. Kikombe kikateleza mkononi kikavunjika, naye akautazama ule mkono kama mkono wa mtu mwingine aliyeketi naye. Kisha akainua macho, akayazungusha kumtafuta mtu chumbani, asimpate. Binti alianza kulia kwa sauti ndogo isiyokuwa katika mswada wowote.

"Mwalimu?" mpigapicha alinong'ona.

Jinamizi aliinua kiganja kumnyamazisha. Nywele zilikuwa zimemsimama. Hiki ndicho alichokingoja, na kilikuwa kinapita mbele yake, katika mwanga mzuri, na mtu aliyekitoa alikuwa yule yule mchekeshaji. Alibana pumzi asije akakitikisa. Akangoja, na wote wakangoja pamoja naye, muda wa kutosha birika la maji kuchemka, mpaka mkojo ulipotiririka miguuni pa kiti na fundi wa sauti akavua spika zake za masikioni.

"Huyu hachezi," alisema. "Jamani, huyu hachezi."

Hospitalini daktari aliuliza ilianza lini. Hakuna aliyeweza kumjibu, ijapokuwa saa yenyewe ilikuwa imehifadhiwa ndani ya kamera. Daktari alisema ni kiharusi, na kwamba mwenye kiharusi hutakiwa akimbizwe hospitali papo hapo. Kisha akaandika mambo yake, wala hakumlaumu yeyote.

Shemeji hakufa. Walimlaza sebuleni kwa dada yake, nyumbani kwa Jinamizi, upande mmoja umekufa, na katika maneno yote aliyokuwa nayo akabakiwa na moja, "sawa". Ukimuuliza ana njaa, sawa. Chai ikimchoma ulimi, sawa, machozi yakimtoka.

Binti ndiye aliyemweleza mke wa Jinamizi yaliyotokea, kwa kuwa hakuweza kulala nayo. Mke alimsubiri mumewe jikoni.

"Hiyo picha ipo?"

"Ipo."

"Ifute."

"Nitaifuta."

Hakuifuta. Kila asubuhi alipanda kule juu ya duka la vipuri kwa nia ya kuifuta, akaitazama kwanza, na kila alipoitazama nywele zilimsimama. Mwishowe alimwonyesha msambazaji wa filamu, mtu mnene aliyezoea kutazama huku anakula. Msambazaji aliacha kutafuna. "Hapa umepatia, mzee," alisema kwa sauti ya chini. "Hapa sasa umepatia. Tutafute ukumbi mkubwa." Jinamizi alikuwa hajapata kuambiwa hivyo maishani mwake.

Mkewe aliposikia hakugombana. "Mwenye uso ni yeye," alisema. "Kamuombe ruhusa yeye."

Akaenda sebuleni, akapiga magoti kando ya kitanda, akaeleza yote kwa utaratibu, kama mtu anayesoma mkataba: ukumbi, watu, picha yenyewe. Shemeji alimtazama usoni muda mrefu.

"Sawa," alisema.

Jinamizi alijua thamani ya neno hilo. Alilisikia kila siku likijibu uji, dawa na kinyesi. Hata hivyo alisimama, akapangusa magoti, akamwambia mkewe, "Amekubali." Mkewe akamtazama kama vile hajapata kumwona.

Ukumbi ulijaa. Mkewe alikuja, akaketi kando yake akiwa na mkoba mapajani. Taa zikazimwa, usiku wa mablanketi ukaingia, na ule uso mrefu wa huzuni ukatokea ukutani, mkubwa kuliko mlango. Kabla hajafungua kinywa, ukumbi mzima ukaangua kicheko. Walikuwa wamemtambua. Mdomo uliposhuka, wakapiga makofi. Kikombe kilipoanguka, mtu nyuma alipaza sauti, "Mzee kashaanza vituko!" Na macho yalipozunguka yakitafuta msaada, watu walikuwa wanafuta machozi na kugongeana mabega. Hata sauti ya binti akilia haikusikika.

Mke aliinuka. Hakumkanyaga mtu wala hakumsukuma. Aliomba njia kwa adabu, safu nzima, mpaka mlangoni. Mumewe alibaki ameketi.

Kipande hicho kilitoka ukumbini kikaingia katika simu za watu. Jinamizi alimwendea msambazaji akamsihi kiondolewe. "Kiondolewe wapi?" msambazaji akamuuliza. "Kimeshakuwa cha watu." Barabarani watoto walishindana kupinda midomo na kuangusha vikombe. Aliwasimamisha siku moja, mzee wa watu, akawaambia kwamba yule alikuwa anaumwa kweli, na kwamba hata sasa amelala hawezi kusema.

"Acha kututisha, Jinamizi," walimjibu, wakakimbia wakicheka.

Mkewe alimhamishia kaka yake kwa dada yao mdogo, ng'ambo ya soko, akahamia huko naye. Lakini mwili uliokufa nusu ni mzito, na wanawake wawili hawakuweza kuuinua ili wauogeshe. Akamtumia mumewe ujumbe kwamba awe anakuja asubuhi. Alimpokea mlangoni akiwa na taulo begani.

"Usimuulize chochote," alimwambia. "Muinue tu."

Alipitisha mikono kwapani pa shemeji yake, akamvuta kifuani, akamwinua. Mkewe alibadilisha shuka, akaleta beseni, akapima maji kwa kiwiko. Walipomaliza, mkewe alimfungulia mlango wa nje, akamwambia kesho awahi kidogo.