Sita Kati ya Nane

Kazi yangu ni kutazama mawingu, na anayetaka kucheka acheke sasa tumalize. Mama yangu alicheka miaka mingi. Yeye ni mkulima wa uwele na karanga kule Mvumi, na kila nilipokwenda kumwamkia aliwaambia majirani, "Huyu nimemsomesha mpaka chuo, kumbe anafanya kazi ya mchunga mbuzi." Iliniuma, tena sana, ila sikuacha kwenda. Mama ni mama.

Kila saa natoka nje ya ofisi yetu ya hali ya hewa pale uwanja wa ndege Dodoma, naigawa mbingu vipande vinane kwa macho, nahesabu vingapi vimefunikwa. Kimo cha wingu nakipima kwa vilima. Urefu wa kila kilima kinachoonekana tumeuandika ukutani, kwa hiyo wingu likifunika kilele fulani, najua limeshuka mpaka wapi.

Kisha ikaletwa mashine. Inarusha mwanga juu, mwanga unagonga wingu na kurudi, namba inatokea kwenye kioo. Ni nzuri, siisemi vibaya. Lakini inaona utosini pake tu.

Asubuhi moja ya Januari, baada ya mvua ya usiku kucha, ndege ndogo ilikuwa njiani kuja kumchukua mgonjwa mahututi wa kupelekwa Dar es Salaam. Mashine ikasema hakuna wingu. Mimi nilikuwa nimetoka nje, nikahesabu sita kati ya nane, na vilima vya mashariki, upande ndege inakotokea, havikuwa na vichwa.

Kiongozi wa zamu akasema, "Dada, andika ya mashine. Ukiandika sita ndege itageuza, na yule mgonjwa atatufia hapa."

"Na nikiandika sifuri ikashukia kwenye kilima, watakufa wangapi?" Nikamshika mkono. "Mwenye macho haambiwi tazama, lakini wewe leo nakuambia."

Tulitoka. Juu ya mashine palikuwa na tundu la bluu, safi kabisa. Pembeni kote wingu zito. Akatazama mashariki, akakitafuta kilima asikione, akarudi ndani, akanisogezea kalamu. Nikaandika sita.

Mnara wa kuongozea ndege ukampa rubani taarifa, naye akauliza wingu litapanda lini, maana mafuta ya kusubiri alikuwa nayo kidogo. Kuhesabu ni kitu kimoja, kutabiri ni kingine. Nikatazama jua, nikatazama upepo, nikakumbuka asubuhi zote za namna ile nilizosimama pale. Nikasema, nusu saa.

Rubani akazunguka magharibi kulikokuwa kweupe. Sikukaa. Dakika ya ishirini na tano kilele cha kilima cha kwanza kikachomoza, kisha cha pili, na ndege ikatua. Mgonjwa akaondoka akiwa hai. Kiongozi wa zamu akaniletea chai mwenyewe, na hajawahi kuniletea tena.

Mgonjwa alikuwa jirani yetu wa Mvumi, mmoja wa wale waliokuwa wakicheka na mama. Mimi sikujua. Aliporudi amepona, ndiye aliyemweleza mama kwa nini ndege ilichelewa nusu saa, na nani aliyeichelewesha. Mama hakunipigia kunipongeza. Si mtu wa hivyo.

Alinipigia wakati wa kuvuna karanga. "Mwanangu, nianike au nisianike?"

"Mama, huko mbingu yenu siioni. Toka nje. Igawe vipande vinane, unihesabie vilivyofunikwa."

Nilitegemea anicheke. Nikasikia mlango, nikasikia kuku wakikimbia, kisha hatua zake zikakoma. Mama yangu alikuwa amesimama uani, anatazama juu.

"Tatu," akasema. Kisha, kwa sauti ya mtu anayeogopa kukosea kazi ya watu, "Ngoja. Usiandike kwanza. Nihesabu tena."